Rangi Saba za Taamuli: Nani Alizipanga, na Zinatutaka Nini



Mchoro ninaotaka tuuzungumzie mnaujua. Mtu ameketi amekunja miguu, mikono ameilaza juu ya magoti, uso hauna pua wala macho. Kuanzia chini ya uti wa mgongo hadi utosini amepangiwa miduara saba: nyekundu, machungwa, njano, kijani, buluu, nili na urujuani. Mchoro huu hubandikwa kwenye kumbi za yoga mijini mwetu, kwenye hoteli za ufukweni, na kwenye vijitabu vya wauza mishumaa na mawe. Kila mduara huitwa chakra, na kila rangi imepewa kazi yake. Nyekundu inashika usalama wa maisha, kijani inashika mapenzi, buluu inashika usemi, urujuani inamfungulia mtu mambo ya mbinguni. Chini ya mchoro mara nyingi utasoma kwamba hii ni elimu ya Wahindi wa kale, yenye umri wa maelfu ya miaka.

Ninachoamini nitakisema mapema, ili anayetaka kunipinga ajue pa kuanzia. Mpangilio huo wa rangi saba si wa kale. Ulitungwa katika karne ya 20, na vipande vyake vilitoka Bengal, Uingereza, Madras na California. Kutungwa peke yake si kosa. Falsafa zote za rangi zilitungwa na watu, zikiwemo zile ninazoziheshimu kuliko zote. Linalonisikitisha ni kwamba katika kutungwa kwa hii ya mwisho kuna kitu kilidondoka njiani, na kitu hicho ndicho kilichokuwa moyo wa zile za mwanzo: kwamba rangi hutazamwa ili hatimaye iachwe.

Twendeni kwanza Sri Lanka, katika karne ya 5. Kwenye mji wa Anuradhapura, katika monasteri iliyoitwa Mahavihara, mtawa wa Kibuddha kwa jina Buddhaghosa aliandika kwa Kipali kitabu kikubwa kiitwacho Visuddhimagga, Njia ya Utakaso. Ndani yake kuna mazoezi ya taamuli yanayoitwa kasina. Yako kumi, na manne kati yake ni ya rangi: buluu, njano, nyekundu na nyeupe. Nayapenda maelezo yake kwa sababu mwandishi hamwachi mwanafunzi aelee hewani. Anamwambia achukue nini na akiweke wapi.

Kwa buluu, anasema, chukua maua ya rangi hiyo, uyatandaze kwenye sinia au ungo mpaka uso wote ujae petali tupu, pasionekane kikonyo wala chavua. Kama maua hayapatikani, chukua kitambaa cha buluu, ukiwambe juu ya mdomo wa chombo kama ngozi inavyowambwa ngomani. Katika kasina ya udongo, ambayo ndiyo aliyoieleza kwa urefu zaidi na kuifanya kielelezo cha nyingine, duara lina upana wa shubiri moja na vidole vinne, na mwanafunzi huketi umbali wa dhiraa mbili na nusu. Akiketi karibu mno, ataziona kasoro za duara. Akiketi mbali mno, hatalipata vizuri. Macho asiyakodoe, yakachoka, asiyafumbefumbe, akasinzia. Atazame kama mtu anayejitazama usoni kwenye kioo, huku akilitaja moyoni jina la anachokitazama: buluu, buluu.

Baada ya muda, ambao kwa mmoja ni mfupi na kwa mwingine ni mrefu sana, akifumba macho atalikuta duara lipo vilevile kama alivyoliona akiwa amefumbua. Hiyo huitwa alama ya kujifunzia. Hapo Buddhaghosa anatoa agizo lililonistaajabisha nilipolisoma: inuka, uondoke mahali hapo. Nenda kwenye makazi yako ukaendelee na ile alama ya ndani, usibaki umeketi mbele ya chombo. Alama ikikupotea, vaa makubadhi yako, shika bakora, urudi ukaitazame tena, kisha uondoke nayo.

Wapo watakaosema hilo si jambo la kiroho hata kidogo, ni macho tu. Ukikazia macho kitu chekundu kwa muda kisha ukageukia ukuta mweupe, utaona doa la kijani lenye kuelekea buluu. Seli za koni ndani ya jicho zinazopokea mwanga mwekundu zimepunguza nguvu, na zile nyingine zinatawala kwa kitambo kidogo. Hoja hiyo ni ya kweli kabisa, ila haijibu swali letu. Doa la jicho huja na rangi iliyo kinyume, na hufifia upesi. Alama anayoieleza Buddhaghosa hubaki na rangi ya kitu chenyewe, tena hubeba na kasoro zake: petali zikiwa na mianya, mianya itaonekana, kikonyo kikiwa kimechomoza, nacho kitaonekana. Ni kazi ya kumbukumbu iliyofunzwa kwa subira, na yeyote aliyewahi kuhifadhi maandishi kwa kuyakariri anajua jinsi ukurasa mzima unavyoweza kusimama mbele ya macho yaliyofumbwa.

Kisha inakuja alama ya pili. Ile yenye kasoro inapasuka, na mahali pake panatokea kitu safi, ambacho Buddhaghosa anakifananisha na upepeo wa bilauri uliowekwa angani, usio na mianya wala vikonyo. Mwanafunzi huitanua alama hiyo, kidogo kidogo, kadiri anavyoweza. Na anayetaka kupanda hadi ngazi zile zisizo na umbo, anaelekezwa kuiondoa. Baada ya kuitanua rangi kote, huiacha, akaangalia nafasi iliyobaki pale rangi ilipokuwa. Taamuli ya juu inaanza na nafasi hiyo tupu.

Lipo jambo jingine katika kitabu hicho ambalo watu hulipita haraka. Buddhaghosa anagawa mazoezi kwa tabia za watu, na zile kasina nne za rangi anawapa wenye hasira na chuki. Hazikukusudiwa kila mtu wala kila siku. Mwalimu alitakiwa amjue mwanafunzi wake kwanza: anavyotembea, anavyokula, anavyofagia. Ndipo ampe zoezi.

Sasa tusogee miaka mia saba mbele, twende Khwarazm, kusini mwa Bahari ya Aral. Huko aliishi Najm al-Din Kubra, shehe wa kisufi ambaye tarika ya Kubrawiyya imepewa jina lake. Aliuawa mwaka 1221, Wamongolia walipouvamia mji wake. Aliandika kwa Kiarabu kitabu juu ya mambo yanayomtokea murid ndani ya khalwa, na sehemu kubwa ya mambo hayo ni nuru zenye rangi. Wasikilizaji wa pwani yetu hawahitaji kufafanuliwa maneno haya, ila kwa wengine: murid ni mwanafunzi wa shehe. Khalwa ni chumba cha giza, cha upweke. Murid yumo ndani kwa udhu usiokatika, kwa saumu, kwa kunyamaza, kwa dhikri isiyosimama, moyo wake ukiwa umefungamana na shehe wake.

Tofauti yake na Buddhaghosa ni kubwa. Mtawa wa Anuradhapura anatafuta rangi nje kwa makusudi kisha anaiingiza ndani. Murid wa Kubra hatazami rangi yoyote. Amefumba macho gizani, na rangi zinamjia bila kuitwa. Kubra anazisoma jinsi tabibu anavyosoma dalili. Kijani ni uhai wa moyo. Rangi ya moto, ikiwa safi, ni uhai wa himma, ile nguvu ya nia inayompandisha mtu. Ikiwa na ukungu, ni uchovu wa jitihada. Buluu ni uhai wa nafsi. Njano ni udhaifu. Rangi yoyote iliyokuja, murid hakuruhusiwa kujifasiria mwenyewe wala kuitangaza. Alimweleza shehe, na shehe ndiye aliyejua kama ni hatua, au uchovu, au ni njaa tu.

Katika tarika hiyohiyo, karne moja baadaye, alitokea Ala al-Dawla Simnani wa Iran, aliyefariki mwaka 1336. Huyu alipanga daraja saba za undani wa mtu, akaipa kila daraja nabii wake na rangi yake. Adamu wa nafsi yako ni mweusi wa kufifia, Nuhu ni buluu, Ibrahimu mwekundu, Musa mweupe, Daudi wa njano, Isa mweusi mwenye kung'aa, na juu ya wote Muhammad, rangi ya kijani. Tazameni mpangilio huu kwa makini. Ni saba, lakini si upinde wa mvua. Una weusi wa namna mbili, una nyeupe, hauna urujuani, na kijani, ambayo kwenye mabango yetu imewekwa kifuani, kwake ndiyo hatima ya safari. Simnani naye alitunga. Alikuwa na sababu zake, alikuwa na silsila yake, na aliandika ili wenye kusafiri wapate kujua walipofika.

Sasa turudi kwenye yale mabango. Maandishi ya Kisanskriti juu ya chakra yapo, na mengine ni ya zamani kweli. Ila hayakubaliani hata juu ya idadi. Yapo yanayotaja tano, yapo ya sita, na yapo yanayozidi saba. Orodha iliyofika Ulaya ikashika mizizi ilitoka kwenye shairi moja la Bengal, Sat-cakra-nirupana, lililotungwa na Purnananda mwaka 1577. John Woodroffe, jaji wa Mahakama Kuu ya Calcutta aliyeandika kwa jina la Arthur Avalon, alilitafsiri na kulitoa mwaka 1919 katika kitabu alichokiita The Serpent Power.

Rangi zimo katika shairi hilo, na ni nyingi. Chakra ya chini kabisa ina petali nne nyekundu, na ndani yake mraba wa njano, ambao ni ardhi. Ya kitovuni ina petali za rangi ya wingu zito la mvua, na ndani yake pembetatu nyekundu ya moto. Ya moyoni ina petali nyekundu, na ndani yake umbo la rangi ya moshi, ambalo ni hewa. Ya kooni ina petali za zambarau iliyofifia kama moshi, na katikati duara jeupe kama mwezi mpevu. Ya kati ya nyusi ni nyeupe. Ile ya utosini, yenye petali elfu, nayo ni nyeupe. Kifuani hapana kijani. Kwenye paji la uso hapana nili. Rangi zimetawanyika juu ya petali, juu ya herufi, juu ya miungu na juu ya asili za ulimwengu, na anayetafakari hutakiwa kuijenga taswira yote hiyo ndani yake, kisha kila asili ikayeyuka ndani ya iliyo juu yake, mpaka ikabaki ile isiyo na sifa. Hapa tena rangi inaachwa.

Basi upinde wa mvua uliingiaje? Isaac Newton, alipopitisha mwanga wa jua kwenye kioo cha pembetatu, alianza kwa kuhesabu rangi kuu tano. Akaongeza machungwa na nili ili zipatikane saba, zilingane na noti saba za ngazi ya muziki. Hesabu hiyo ya saba ndiyo iliyomo katika kitabu chake cha mwaka 1704, na ndiyo tunayowafundisha watoto shuleni hadi leo. Asili haikuweka mpaka wowote kati ya buluu na nili. Kwa hiyo nili iliyopo kwenye paji la uso la yule mtu wa bangoni imetoka katika meza ya mwanafizikia wa Kiingereza aliyeamini kwamba mwanga na sauti vinafuata mizani moja.

Halafu wakaja Wanathiosofia. Jumuiya yao ilianzishwa New York mwaka 1875, ikahamishia makao yake Adyar, Madras, na baadaye ikawa na matawi hata Afrika Mashariki. Mmoja wao, Charles Leadbeater, alichapisha mwaka 1927 kitabu kiitwacho The Chakras, akieleza rangi alizodai kuziona mwenyewe kwa jicho la ndani. Ya moyoni aliiona ya dhahabu. Ile chakra ya pili, iliyo karibu na viungo vya uzazi, aliiondoa kabisa kwenye mpango wake kwa kuogopa hatari zake, akaweka ya bandama mahali pake. Kama Leadbeater na Purnananda wote wawili waliona kitu kilichopo nje ya nafsi zao, basi hawakukiona kimoja.

Upangaji wenyewe wa rangi moja kwa kila chakra, nyekundu chini na urujuani juu, ulienea kutoka California katika miaka ya 1970. Christopher Hills, Mwingereza aliyehamia huko, aliutangaza katika toleo kubwa la kitabu chake Nuclear Evolution mwaka 1977. Umri wa mpangilio huu, kwa hiyo, ni kama nusu karne. Wengi wenu humu ukumbini mmeuzidi.

Msidhani nawadharau watungaji wa zama zetu. Mchoraji Hilma af Klint wa Stockholm alichora kazi 193 kati ya mwaka 1906 na 1915, kwa ajili ya hekalu ambalo halikuwahi kujengwa. Kwake buluu ilikuwa ya kike, njano ya kiume, na kijani ni pale zinapokutana. Alizitunga maana hizo, akazijaza madaftari yake, na hakuziuzia mgonjwa yeyote. Aliagiza kazi zake zisioneshwe hadi miaka 20 ipite tangu kifo chake. Alifariki mwaka 1944. Huyo alikuwa mtu anayetafuta, na utafutaji wake naupa heshima ileile ninayompa Simnani.

Upande wa pili yupo Dinshah Ghadiali, mzaliwa wa Bombay, aliyekwenda Marekani na kuanza mwaka 1920 kuuza mashine aliyoiita Spectro-Chrome: sanduku lenye taa kali na vioo vya rangi, ambalo mgonjwa aliliketia mbele ili rangi imponye. Kila ugonjwa ulikuwa na rangi yake. Wenye kisukari walishauriwa waache insulini. Mwaka 1947 mahakama huko Camden, New Jersey, ilimtia hatiani, na vitabu vyake vikaamriwa viteketezwe. Mimi si mpenzi wa kuteketeza vitabu. Lakini wapo waliokuwa wakimtegemea yeye peke yake, wakafa.

Mtu aweza kuniuliza: kwani mwanga wa rangi hauponyi kamwe? Unaponya. Katika hospitali ya Rochford huko Essex, miaka ya 1950, muuguzi mmoja alikuwa akiwatoa watoto njiti nje wapate jua. Madaktari wakamwona mtoto aliyekuwa na manjano ambaye ngozi yake ilikuwa imepauka, isipokuwa kipande kilichofunikwa na ncha ya shuka. Kutokana na hilo wakafanya majaribio, wakachapisha matokeo mwaka 1958, na leo taa ya buluu inawaokoa watoto wachanga duniani kote, humu nchini mwetu pia. Inafanya kazi kwa sababu mwanga wa buluu hubadilisha umbo la bilirubini iliyo kwenye ngozi, mwili ukaweza kuitoa. Haijalishi mama anaamini nini juu ya buluu. Lakini ikiwa uponyaji wa rangi unategemea kwanza uamini maana ya rangi hiyo, basi hayo ni mambo ya roho, na mambo ya roho yana utaratibu wake na walimu wake. Hayapimwi kwa bei.

Hapo ndipo ninapotaka tuelewane. Kutazama rangi kwa utulivu ni zoezi jema. Lina historia ndefu, limefanywa na watu wenye akili kubwa, na halihitaji uongo juu ya umri wake. Buddhaghosa hakumwambia mtu kwamba buluu ni yake. Kubra hakumwambia murid kwamba kijani itamletea mchumba. Wote wawili walidai vitu vizito: muda, ukimya, mwalimu anayekujua, na moyo wa kuiachilia rangi saa yake ya kuachwa ikifika. Bango linadai ununue jiwe.

Kwenu mnaofundisha yoga na taamuli katika miji yetu, na najua baadhi yenu mmo humu, nina ombi moja. Msiyabandue mabango yenu. Yaacheni ukutani, kwa kuwa ni mazuri na wanafunzi wenu wanayapenda. Ila waambieni ukweli wake: kwamba idadi ya rangi ni ya Newton, majina ya chakra ni ya Kisanskriti, mpangilio ni wa California wa miaka ya 1970, na Purnananda aliona mengine kabisa. Kisha watandazieni maua kwenye ungo, muwaketishe umbali wa dhiraa mbili na nusu, muwaache watazame. Na yule atakayewajia na ugonjwa, mpelekeni hospitali kwanza.